Mikono ya Bibi Koti

“Siku Bibi Koti atakapotoa mikono mfukoni, mtaa huu wote utanyamaza. Hata wewe, Mama Redio.”

Maneno hayo msusi aliyasema kwa kinywa chake mwenyewe, Jumamosi mchana, saluni imefurika mpaka wengine wanasubiri wamekaa kwenye ndoo zilizofunikwa. Hakuwa ameshikiwa panga. Alitoa kitana mdomoni ili asikike vizuri, akasema, kisha akakirudisha na kuendelea kusuka kama mtu aliyetoka kuuliza saa.

Mama Redio alikuwa mteja wa siku zote. Jina hilo alipewa kwa sababu habari ikimfikia yeye asubuhi, kabla chai haijapoa imeshazunguka sokoni na kurudi ikiwa imenenepa. Siku hiyo nusu ya kichwa chake ilikuwa imesukwa, na nusu nyingine imesimama wima kama imeona jini, kwa hiyo hakuweza kutoka nje. Akachukua simu, akatangaza akiwa pale pale kitini.

Basi msusi akawa amejipalia makaa. Maana mfukoni mwa Bibi Koti hamkuwa na silaha, wala siri, wala dawa. Kilichofichwa mle ni kwamba msusi mwenyewe, mwenye saluni, hakujua kuchora mikono.

Saluni yenyewe ilikuwa chumba kimoja kirefu chenye viti vinne vilivyotazama ukuta wa vioo, na kazi ilitembea kutoka kiti hadi kiti. Kwenye kiti cha kwanza unafumuliwa. Cha pili unaoshwa na kuchanwa, na hapo ndipo watu wazima wenye vyeo vyao hutoa machozi. Cha tatu unasukwa. Cha nne kilikuwa pembeni, karibu na soketi, penye birika la umeme na beseni. Hapo ncha za rasta zilichovywa kwenye maji ya moto ili zisifumuke.

Kando ya kila kioo palibandikwa ukurasa mmoja wa hadithi ya picha ya Bibi Koti, aliyoichora msusi mwenyewe. Kiti cha kwanza kilikuwa na mwanzo, na mwisho ulikaa kwa birika. Huwezi kuruka. Ukitaka kujua kama Bibi Koti kapona au kapatikana, sharti nywele zako zifike kwenye maji ya moto. Kuna waliokuja kufumua mitindo ambayo bado ilikuwa mizuri kabisa. Kuna waliojaribu kupenya wasome tu, nao msusi aliwatoa kwa ufagio. “Hapa si maktaba,” aliwaambia. “Lete kichwa.”

Karatasi zilikuwa zile ngumu zinazotoka ndani ya pakiti za rasta, upande usio na picha ya mzungu anayecheka. Alichora kwa wanja, penseli ile ile ya nyusi, kisha akapitisha kalamu juu yake. Koti la Bibi Koti alilipaka rangi za kucha zilizobaki chini ya chupa, ndiyo sababu rangi yake ilibadilika kila mara wanawake wa mtaa walipobadilisha fasheni. Kuna kipindi koti lilikuwa la zambarau yenye vimeta kwa muda mrefu sana, mpaka nesi wa zahanati akalalamika kwamba shujaa anaonekana kama anakwenda kucheza muziki.

Shujaa gani, sasa? Kizee kifupi, kinene, koti limefika kwenye vifundo vya miguu, mikono mfukoni. Haruki juu ya majengo. Hapigi mtu. Anatembea taratibu mpaka kwa anayeonea wenzake, anasimama mbele yake na kufungua mdomo. Mwenye nyumba mmoja kwenye hadithi hizo alimtupia mpangaji wake godoro nje. Bibi Koti akaja, akalikalia godoro, akamwambia, “Mbona hili ni kavu, baba? La kwako la utotoni lilianikwa kila asubuhi, nalikumbuka. Niwaambie majirani lilikuwa limelowa nini?” Mwenye nyumba akalirudisha godoro ndani mwenyewe, amelibeba kichwani. Ukurasa ule ulisomwa mpaka pembe zikachanika.

Mifuko ilianza kwa bahati mbaya. Miaka ya mwanzo msusi alichora ili kunyamazisha watoto waliolia kiti cha pili, na picha ya kwanza kabisa ya yule bibi ilikuwa na mikono. Mtoto aliyekuwa na povu masikioni akaitazama, akaacha kulia, akauliza, “Kwa nini ameshika tangawizi?” Wakacheka wote. Msusi akacheka pia, akachukua rangi ya kucha, akafunika tangawizi zote mbili kwa mifuko. Tangu siku hiyo hazijaonekana tena.

Wateja ndio waliotia chumvi. Mama Redio aliapa mle ndani mna bastola. Nesi alisema ni sindano. Mwalimu mmoja, ambaye alisukwa huku amekunja miguu kama yuko kikaoni, alieleza kwamba mtu mwenye heshima hahitaji kunyoosha mkono ili asikilizwe, na kwamba fikra hiyo ni nzito. Msusi alivikwa kilemba hicho cha ukoka, akakivaa, akajitazama kwenye vioo vyote vinne. Mtu aliyeweza kugawa nywele za kichwa kwa mstari ulionyooka huku anagombana na mtu mlangoni hakuwa na haraka ya kusema kwamba vidole vitano vya karatasi vinamshinda.

Sasa Jumamosi ile ya majigambo, kosa lilikuwa limeshafanyika Ijumaa.

Msusi alikuwa na desturi yake ya kazi. Hadithi ikimkwama, alimnyang'anya shujaa kile anachokitegemea, akatulia kuona atafanya nini. Ijumaa hadithi ilimkwama. Akachora daraja, chini yake mto uliofura, na mtoto aliyeteleza na kuning'inia juu ya maji. Mtoto hakushika chuma cha daraja, maana kushika kungehitaji vidole. Alining'inia kwa mkanda wa begi lake la shule, umenasa kwenye msumari. Bibi Koti akafika. Akafungua mdomo wake ule unaoogopwa na wenye nyumba wote. Mto ukanguruma, na maneno hayakusikika. Mwisho wa ukurasa.

Msusi alipomaliza alirudi nyuma hatua moja, akajipongeza, akabandika. Hakuona kosa lolote.

Aliyeona ni nesi, kesho yake, ncha zake zikiwa kwenye beseni. “Ehee! Mdomo haufai. Kwa hiyo sasa ndiyo atatoa mikono!”

Saluni ikalipuka. Msusi akauma kitana.

“Mikono ipi?” Sauti ilitoka mlangoni. Ilikuwa ya kinyozi wa ng'ambo ya barabara, mtu aliyekuja kila asubuhi kuazima waya wa umeme na kila jioni akasahau kuurudisha. “Hako kabibi hakana mikono. Anti, miaka yote hii umewahi kuchora hata ukucha?”

“Kibao chako kina vichwa vitatu,” msusi alimjibu, “na vyote ni uso wa shemeji yako. Mimi nimewahi kukuuliza kwa nini?”

“Usinihamishe. Onyesha mikono.”

“Nitaonyesha.”

“Lini?”

Hapo ndipo kitana kilipotoka mdomoni, na yale maneno yakafuata. Jumamosi ijayo. Mtaa wote utanyamaza. Hata Mama Redio.

Ukuta wa kushoto wa saluni ulikuwa pia ukuta wa kulia wa fundi cherehani, na kutwa nzima sauti za upande mmoja zilisikika upande wa pili. Waliosukwa walizoea mlio wa cherehani, na fundi alizoea vicheko. Fundi na msusi walikuwa mashoga wa siku nyingi, wa kukopeshana chumvi na kutukanana bila kukasirika.

Fundi alikuwa na binti mmoja. Alipokuwa mdogo birika lilimpindukia, na maji ya moto yakala mkono wake wa kulia. Ulipopona, vidole viwili vilikuwa vimeshikana, kile kidogo cha mwisho kimejikunja kama ndoano na hakikunyooka tena, na ngozi ya juu inang'aa. Mama yake hakuwa mtu wa maneno mengi. Alimshonea mifuko. Gauni la kutokea lilikuwa na mfuko, la kulalia lina mfuko, hata aproni ya kuoshea vyombo ilikuwa na mfuko. Huruma yake yote ilipita chini ya sindano ya cherehani. Binti akakua mkono umo mfukoni, akajifunza kuandika kwa kushoto, na watu wakazoea kutouliza.

Aliletwa saluni tangu utotoni. Alipita kutoka kiti cha kwanza hadi cha tatu akisoma kila herufi, na hapo alisimama. Kiti cha nne hakukigusa. Birika likianza kuchemka, alikuwa ameshafika mlangoni. Msusi hakumwuliza. Ncha za yule binti alizifunga kwa uzi, fundo dogo dogo, kazi ya kuchosha vidole, na huku anafunga alimsimulia mwisho wa hadithi kwa mdomo, na sauti za watu wote, hata ya mbwa kama mbwa alikuwemo.

“Unajua kwa nini nampenda Bibi Koti, anti?” binti alimwambia siku moja. “Anaficha mikono, na bado hakuna anayemcheka.”

Msusi alikaza uzi, akasema ncha hii imekuwa fupi, sijui kwa nini.

Jumatano, saluni haina mtu, fundi aliingia na tepu ya kupimia shingoni. Hakukaa.

“Shoga, umenifanyia nini?”

“Nimekufanyia nini tena?”

“Mama Redio amefika mpaka kwenye genge la mboga. Eti Jumamosi Bibi Koti anatoa mikono. Binti amesikia.”

“Kwani kuna ubaya?”

Fundi akakaa sasa, kwenye kiti cha pili, kile cha machozi. Shule mpya ya binti ilikuwa inafunguliwa Jumatatu, alisema. Msusi alijua. Lakini hakujua kwamba sare ya shule hiyo haina mifuko, sketi haina, sweta halina. Fundi alikuwa ameongeza yake, ya ndani, isiyoonekana, na siku ya kukagua sare mwalimu wa zamu akaiona na kusema ifumuliwe. Sare ni sare. Tangu siku hiyo binti alikuwa na neno moja tu.

“Lipi?”

“Siendi. Namwambia kula, anasema siendi. Namwambia oga, anasema siendi. Hata sijataja shule.” Fundi alikunja tepu kwenye kidole, akaikunjua. “Sikiliza. Huyo bibi yako ndiye mtu pekee ambaye mwanangu anaamini wako sawa. Anajua kabisa mle mfukoni kuna mikono kama wake. Sasa Jumamosi umtoe mikono mizuri, kucha zimepakwa rangi? Utakuwa umenimalizia mtoto. Muache nayo mfukoni.”

“Nikiiacha mfukoni, mtoto wa darajani anaanguka.”

“Mtoto wa darajani ni wa karatasi! Wangu ni wa nyama.”

Msusi alitaka kumwambia kwamba aondoe shaka, mikono mizuri haipo hata kwa dawa. Lakini fundi alikuwa ameshasimama.

Mchana ule na mchana uliofuata msusi alichora. Alijaribu akiutazama mkono wake wa kushoto. Alijaribu akiutazama kwenye kioo. Ilitoka tangawizi, kisha reki, kisha kitu kama kaa aliyekanyagwa na baiskeli. Akatafuta pa kutokea. Bibi Koti avue koti, alishushe kama kamba? Koti halivuliwi bila mikono. Amshike mtoto kwa meno? Bibi huyo hakuwahi kuchorwa meno. Apite mtu mwingine amwokoe? Basi hadithi ni ya huyo mtu mwingine.

Na kumwacha mtoto aanguke hakuweza. Si kwa sababu ya kinyozi. Aliwaza kwamba kizee anayesimama darajani na kumtazama mtoto akienda na maji si shujaa tena, ni mwanamke mnene mwenye koti, na ukurasa huo mmoja ungeyala magodoro yote aliyowahi kuyakalia. Kuwasema wenye nyumba kulikuwa rahisi, alikuwa na mdomo. Ushujaa ungejulikana sasa, pale alipotakiwa kutoa kile asichokuwa nacho.

Jumamosi ikafika bila huruma. Kinyozi alifunga duka lake na kuja kusimama mlangoni, na mteja wake akamfuata akiwa na shuka shingoni na kichwa kilichonyolewa upande mmoja. Mama Redio alikuwa na miadi ya kusuka ambayo hakuna aliyekumbuka kumpa. Binti wa fundi alikuwa kiti cha tatu. Mama yake alimleta asukwe nywele za shule, kwa matumaini kwamba kichwa kikiwa tayari, miguu itafuata. Alikuwa amekaa wima, mkono mfukoni.

Kelele zilianzia kwa nesi, aliyekaa kwenye ndoo kando ya kiti cha nne.

“Anti! Hii ni nini?”

Ukurasa ulikuwa na daraja, mto na mtoto kwenye msumari wake. Bibi Koti alikuwa ameinama juu ya chuma. Mkono wa koti, wa kulia, ulikuwa umetoka mfukoni na kunyooshwa kwa yule mtoto. Ulipoishia upindo, palikuwa peupe.

“Haijaisha,” msusi alisema.

“Nilisema mimi!” Kinyozi alipiga kofi kwenye fremu ya mlango. “Hajui! Hajui kuchora mikono! Mnazungushwa miaka yote hii na mtu asiyejua mikono!”

“Mshenzi wewe, hebu rudisha waya wangu kwanza,” msusi alimwambia, lakini sauti haikuwa na nguvu. Akageukia wateja. “Mkono unanishinda. Nimechora siku mbili nzima, kila ukitoka ni tangawizi. Haya, chekeni, mmeshalipia.”

Wakacheka. Baadhi walicheka kwa ubaya, wengi kwa huruma, na huruma iliuma zaidi. Katikati ya vicheko hivyo yule binti alisimama kutoka kiti cha tatu, rasta moja ikining'inia haijamalizwa, akaanza kwenda upande wa birika. Birika lilikuwa linachemka. Alisimama hatua chache kabla, mvuke ukimfikia usoni.

“Anti. Zima hilo.”

Msusi aliruka juu ya miguu ya nesi na kuchomoa waya. Binti akasogea, akakaa kiti cha nne kwa mara ya kwanza maishani mwake, na kuusoma mwisho wa hadithi kwa macho yake mwenyewe. Aliutazama ule weupe muda mrefu.

“Kwa hiyo mfukoni hamkuwa na kitu?”

“Hamkuwa na kitu, mwanangu.”

“Hakuwa anaficha.”

“Yeye hakuwa anaficha,” msusi alisema. “Mimi ndiye.”

Binti alifikiri. Msusi alimtazama kama mtu anayetazama chungu kilichopasuka, asijue maji yatatokea wapi. Mwisho binti akasema, “Bandua.”

“Nini?”

“Ubandue ukurasa. Uweke hapa.”

Msusi aliubandua, akauweka kwenye kiti cha plastiki mbele yake. Binti akatoa mkono mfukoni. Hakuutoa taratibu. Aliutoa kama mtu anayetoa ufunguo, akaulaza juu ya karatasi, kiganja chini, kifundo kikiangukia pale upindo wa koti ulipoishia.

“Zungushia.”

Hakuna aliyekohoa. Msusi alichukua wanja. Akakumbuka kwamba hii ilikuwa kazi anayoijua, kupitisha ncha kwenye ukingo wa kitu hai bila kukiumiza. Akapita kando ya dole gumba. Akazunguka vidole viwili vilivyoshikana, ambavyo asingeweza kamwe kuvibuni. Akafika kwenye kile kilichojikunja.

“Unanitekenya,” binti alisema.

“Tulia, usijitikise.”

Mkono wa mtu wa kweli haukuenea kwenye kisanduku cha mwisho. Ulivuka mstari, ukaingia juu ya daraja, ukalala juu ya mto mzima. Bibi Koti alikuwa mdogo kama kidole, na mkono uliotoka kwenye koti lake ulikuwa mkubwa kuliko ukurasa karibu wote. Na kile kidole cha ndoano, bila mtu kukipangia, kilikuwa kimeangukia pale pale kwenye mkanda wa begi na kuunasa. Binti alipoinua mkono wake, mtoto wa darajani alikuwa ameshikwa.

Mama Redio alikuwa na simu mkononi, skrini inawaka. Aliishusha mapajani. Mdomo wake ulikuwa wazi na hamkutoka kitu.

Upande wa pili wa ukuta cherehani ikasimama. Fundi alikuwa amezoea vicheko, ugomvi, maji, redio. Kimya hakukizoea. Alikuja mbio, tepu shingoni, pini zimejaa mdomoni, akasukuma watu akaingia, na kitu cha kwanza alichoona ni mkono wa mwanawe juu ya mkono wa kiti, mbele za watu wote, una mabaki ya wanja na nesi anayafuta kwa pamba. Alitaka kusema. Pini zilimzuia, na pengine zilifanya vizuri.

“Mkubwa mno,” kinyozi alisema hatimaye, kwa sauti ya chini.

“Mtoto yuko mbali,” nesi alimjibu bila kugeuka. “Ulitaka mfupi?”

Msusi alichukua chupa ya rangi ya kucha isiyo na rangi, ile ya kung'arisha tu, akaipaka juu ya mkono wote. Ukang'aa kama ngozi yenyewe. Akaubandika ukurasa pale pale kwa birika, kisha akamketisha binti na kumaliza rasta iliyobaki. Alipofika kwenye ncha alitafuta uzi, kama siku zote, na binti akasema hapana, chovya, ila usiwashe tena, hayo yaliyobaki yanatosha. Yalikuwa vuguvugu. Ncha zilifumuka siku ya pili. Si neno.

Jumapili fundi alifumua mifuko ya ndani ya sare kwa wembe, mmoja baada ya mwingine, na vitambaa vyake akavitupa kwenye gunia la mabaki pamoja na vingine. Jumatatu asubuhi msusi alikuwa anafagia mlangoni. Binti alipita. Mkono ulikuwa nje, lakini haukubembea kama wa kushoto. Aliubeba mbele kidogo, kama mtu aliyeshika kikombe kilichojaa. Msusi aliendelea kufagia mahali palipokuwa pameshafagiliwa.

Jioni alimvizia.

“Walikuuliza?”

“Waliuliza.”

“Ukawaambia nini?”

“Niliokoa mtoto darajani.” Binti alihamisha begi bega la pili. “Kuna mmoja kaenda kumwambia mwalimu kwamba namdanganya. Nimemwambia aje asukwe, atauona ukurasa. Na kuna wengine walisogea mbali kidogo kwenye benchi. Wale sikuwaambia kitu.”

“Na kesho?”

“Kesho nini? Kesho kuna hesabu.”

Tatizo lililofuata lilikuwa la msusi. Wasomaji wakionja kitu hawarudi nyuma. Mama Redio, ambaye sauti ilimrudia kabla hajafika kwao, aliutangaza ule mkono mpaka mitaa ambayo msusi hakuijua, na sasa kila kichwa kilichokaa kilitaka Bibi Koti ashike kitu. Afungue mlango. Amvute mwizi sikio. Nesi alitaka apunge tu, basi, apunge mkono kwa heri.

Alhamisi msusi alikwenda upande wa pili wa ukuta na karatasi ngumu kwapani na wanja nyuma ya sikio. Fundi alikuwa anashona. Binti alikuwa mezani, anaandika kazi ya shule kwa kushoto, wa kulia umekandamiza daftari lisijifunge.

“Mwanangu,” msusi alisema, kwa sauti ile tamu anayoitumia kwa wateja wa harusi. “Wiki hii bibi yetu anasukuma gari lililokwama kwenye matope. Nahitaji mikono miwili.”

Binti hakuinua kichwa.

“Wa kushoto bure,” alisema. “Wa kulia mia mbili.”